Gîte, hoteli au nyumba ya mwenye shamba? Jinsi ya kuchimbua historia ya jengo la kikoloni kando ya barabara

Swali la msomaji, Bukavu: Kwenye barabara ya Bukavu kwenda Goma, upande wa Kalehe, kuna jengo refu la matofali lenye barza mbele. Wazee wengine wanaliita «gîte», wengine wanasema ilikuwa hoteli ya Wabelgiji, na mmoja anaapa lilijengwa mwaka 1920. Marehemu babu yangu alipika humo. Nataka kuandika historia yake. Nianzie wapi, na nitajuaje lipi ni la kweli?

Jibu:

Dada, utashawishika kuanza na matofali. Yaache kwanza. Anza na barabara, kwa sababu nyumba ya wasafiri haikuwekwa popote mtu alipopenda. Iliwekwa pale miguu ilipochoka au injini ilipochemka.

Kabla ya magari, mali nyingi ya Kivu ilipanda na kushuka milima kwenye vichwa vya wapagazi. Msafara wenye mizigo ulikwenda kilomita 20 hadi 25 kwa siku, na pungufu ya hapo penye mlima mkali. Utawala ukaweka kituo cha kulala kwa kila mwendo wa siku, na hicho ndicho karatasi zao zinakiita «gîte d'étape». Haikuwa hoteli. Msafiri alikuja na kitanda chake cha kukunja, chandarua chake, mpishi wake, sufuria zake na unga wake. Gîte ilimpa paa, kuta, maji, kuni na mlinzi, basi. Ilijengwa na kufagiliwa na watu wa vijiji vya jirani chini ya chefu (chifu) wao, na mara nyingi si kwa hiari.

Magari yalipoenea, katika miaka ya 1920 na 1930, hesabu ilibadilika. Dereva aliweza kupita gîte tano au sita kwa siku moja bila hata kupunguza mwendo. Nyingi zikaoza. Zilizobaki ni zile zilizokuwa karibu na ofisi ya territoire (wilaya ya utawala), kwenye kivuko, chini ya mlima mrefu, au mahali penye mapipa ya petroli. Hapo hapo ndipo watu binafsi walipofungua hoteli zao ndogo, maana mwenye gari hakutaka tena kubeba kitanda.

Kwa hiyo kazi yako ya kwanza ni ya rula na ramani. Pima umbali kutoka jengo lako hadi vituo vya zamani vya pande zote mbili (Katana, Kalehe, Minova, Sake) kwa kufuata njia ya zamani, si barabara ya leo. Ukikuta kilomita ishirini na kitu kila upande, kiwanja hicho huenda kilianza kama kituo cha miguu, hata kama kuta unazoziona ni za baadaye. Ukikuta umbali usiolingana na mwendo wa siku, lakini jengo limekaa mahali gari linapolazimika kusimama, fikiria hoteli.

Kisha simama mbele ya mlango mkuu, uulize unatazama nini. Barabara zimehamishwa mara nyingi, na nyumba haigeuki. Ukikuta barza inatazama bonde tupu huku barabara ya leo ikipita nyuma ya jikoni, tafuta njia ya zamani upande wa barza: mstari wa mikaratusi iliyopandwa kwa nafasi sawa, kalavati la mawe lisilo na maji, ukingo uliochongwa mlimani. Kwenye ufuo wenu kuna jambo la tatu. Bukavu na Goma ziliunganishwa pia kwa meli za Ziwa Kivu, hivyo jengo linalotazama maji, lenye njia ya ngazi kushuka ufuoni, huenda liliwangojea wasafiri wa meli kabla ya wasafiri wa gari. Kosa la kawaida ni kutafuta tarehe ya barabara ya leo na kuibandika kwenye jengo.

Ramani ya vyumba ndiyo inayosema jengo lilikuwa nini

Chora ramani ya sakafu. Hauhitaji ufundi: mita ya kamba, karatasi ya mistari ya miraba, sentimita 1 kwa mita 1. Weka kila mlango, na uonyeshe unafungukia wapi. Milango ndiyo inayofichua siri.

Gîte ya serikali ni ndogo: vyumba viwili au vitatu, barza, stoo, na jikoni lililotengwa nyuma kwa ajili ya moto na moshi. Mara nyingi iko juu kidogo ya njia na ina uwanja mpana ulio wazi, kwa sababu wapagazi walilala hapo nje. Hakuna baa, hakuna chumba kikubwa cha kulia. (Neno barza lenyewe ni baraza yetu. Wabelgiji walilichukua kwa Waswahili, wakaliandika bila ile a ya pili, na sasa limerudi kwetu Kongo likiwa limenyolewa.)

Hoteli ina safu ya vyumba vinavyolingana, kila kimoja kikiwa na mlango wake kwenye barza na kufuli lake, bila mlango wa ndani kati ya chumba na chumba. Ina ukumbi mmoja mkubwa, na kwa baridi ya milima yetu ukumbi huo mara nyingi una meko ya kuotea moto yenye dohani. Tafuta alama ya kaunta sakafuni: mstari ambao rangi ya saruji inabadilika, au matundu ya skrubu. Jikoni ni kubwa kuliko linavyohitaji familia. Nyuma kuna boyeri ndefu (nyumba ya watumishi), banda la magari, tangi la maji ya mvua, na mara nyingi kijumba cha jenereta kilichotengwa kwa ajili ya kelele. Ukumbuke kwamba umeme wa bwawa la Ruzizi I ulikuja mwishoni mwa miaka ya 1950. Kabla yake, hoteli ya njiani iliyotaka taa ya umeme ilijiwashia yenyewe.

Nyumba ya mwenye shamba inafanana na hoteli kwa nje lakini ndani vyumba vinaungana kwa milango ya katikati, na karibu yake kuna mabaki ya kazi: sakafu za saruji za kuanikia kahawa, matangi ya kuoshea, banda la kukaushia kwinini au majani ya chai. Hapa wengi wanateleza. Wenye mashamba wa Kivu waliweza kupokea wageni kwa malipo, hivyo jengo moja linaweza kuwa nyumba ya mtu mwanzoni, likaongezewa bawa la vyumba vinne, likawa hoteli. Ukiona safu ya vyumba vya wageni imeungwa kwenye nyumba ya familia, angalia pale kuta zinapokutana. Matofali yakiwa yamesukwa pamoja, zilijengwa siku moja. Pakiwa na ufa ulionyooka kutoka msingi hadi paa, upande mmoja ulikuja baadaye.

Kuna pia nyumba za kupitia za kampuni za migodi, kama Minière des Grands Lacs, na nyumba za misioni. Za misioni zinajulikana kwa ua wa kati na kanisa jirani, hazikupi shida. Za kampuni ni ngumu zaidi, maana zilijengwa kwa ramani ile ile mahali pengi. Ukiambiwa jengo kama hilo hilo liko kwenye maeneo ya migodi ya Shabunda au Kamituga, shuku kampuni.

Matofali, paa, madirisha: wanasema «si kabla ya», hawasemi mwaka

Sasa njoo kwenye matofali. Pima safu 10 za kimo pamoja na udongo au chokaa iliyo katikati, gawanya kwa 10, na urudie mahali patatu. Namba ikibadilika kutoka bawa moja hadi lingine, matofali huenda yametoka kwenye tanuri mbili tofauti, yaani ujenzi wa nyakati mbili. Kwaruza kidogo kwa msumari katikati ya matofali. Udongo mtupu unatoka kwa urahisi, chokaa ni nyeupe na inapukutika, saruji inakataa. Saruji ililetwa kutoka mbali na ilikuwa ghali, kwa hiyo nyumba nyingi za mwanzo ziliunganishwa kwa udongo, kisha zikapakwa saruji kwa nje tu. Usidanganywe na plasta. (Wenzetu wa Lubumbashi wana alama yao nzuri: huko Katanga matofali mengi yalifinyangwa kwa udongo wa vichuguu, na kichuguu kilicholiwa nusu karibu na jengo la zamani ni ushahidi wa mahali matofali yalipochomwa.)

Paa linadanganya kuliko kitu chochote, kwa sababu ndilo linalobadilishwa kwanza. Panda darini. Angalia mbao, si mabati. Mbao zilizotengenezwa kubeba vigae au majani zina mwinamo mkali na zimekaribiana kuliko zinavyohitaji mabati. Mbao zenye matundu ya misumari yasiyotumika zimewahi kubeba kitu kingine. Ukikuta karatasi za kijivu nene zenye mawimbi, zinazovunjika kama kigae, hizo ni za saruji na asbesto, zile watu wanaziita Eternit. Usizikate, usizitoboe, usizifagie zikiwa kavu. Vumbi lake linaharibu mapafu, na madhara hayo hayaponyeki. Piga picha, uteremke.

Madirisha ya fremu za chuma zenye vioo vidogo, sakafu ya granito (saruji yenye vipande vya mawe, iliyosuguliwa), kona za barza zilizoviringwa kama za meli: hizo ni sura za miaka ya 1930 na kuendelea, zile zile unazoziona kwenye majengo ya katikati ya Bukavu. Chini ya beseni la kunawia, nyuma ya kigae cha bafu na chini ya sahani zilizobaki kwa majirani, tafuta muhuri wa kiwanda. «Boch», La Louvière, ni wa Ubelgiji na utaukuta mara nyingi. Muhuri unakuambia kitu kilitoka wapi, na ukipata picha yake nzuri, wakusanyaji wa vyombo wanaweza kukuambia ni wa miaka gani.

Lakini shika kanuni moja. Kila kitu kilichofungwa kwa skrubu kinaweza kuja baada ya jengo, na kinaweza pia kutoka kwenye jengo la zamani zaidi. Dirisha la chuma linasema «hapa palifanyiwa kazi, na pengine si kabla ya miaka ya 1930». Halisemi nyumba ilijengwa lini. Vitu vya kuaminika ni vile visivyohama: msingi, upana wa ukuta, na nafasi ya milango iliyoachwa tangu matofali ya kwanza. Yule mzee wa «1920» huenda anakumbuka kiwanja, siyo jengo. Inawezekana kabisa palikuwa na gîte ya udongo na majani mahali hapo, na hoteli ya matofali ikaja juu yake miaka 15 baadaye. Watu wawili wanaobishana kijijini kwenu wanaweza wote kuwa na haki.

Nyufa usizisome kama umri. Ardhi ya Bukavu na kandokando yake inateleza, na tetemeko la tarehe 3 Februari 2008 lilipasua nyumba mpya na za zamani bila kubagua.

Karatasi

Hapa ndipo penye utajiri, na ndipo watu wengi wanapokata tamaa mapema.

Ardhi kwanza. Kwa mfumo wetu wa hati, kila kiwanja kilichosajiliwa kina «certificat d'enregistrement», yaani hati ya usajili, yenye namba ya Volume (kitabu) na Folio (ukurasa). Nakala moja iko kwenye kitabu cha ofisi ya Conservateur des titres immobiliers (msajili wa hati za ardhi), nyingine kwa mwenye hati. Kiwanja kikiuzwa, hati ya zamani inafutwa na mpya inatolewa, nayo inataja ile iliyotangulia. Kwa hiyo unaenda kinyumenyume, folio kwa folio, kama mtu anayeshuka ngazi. Omba pia «procès-verbal de mesurage et bornage», yaani ripoti ya upimaji na uwekaji wa vigingi. Karatasi hiyo ina mchoro, tarehe na jina la mpimaji, na mara nyingi ndiyo ya kale kuliko zote. Kabla ya kwenda, tafuta vigingi vya saruji kwenye pembe za kiwanja na uandike namba ya kiwanja: SU kwa mjini, SR kwa vijijini. Ukifika na jina la kijiji tu, watakuambia urudi kesho, na kesho haitaisha.

Makosa mawili hapa. La kwanza: tarehe ya hati siyo tarehe ya ujenzi. Mzungu alipewa ardhi kwanza kwa mkataba wa muda, akatakiwa kuiendeleza, ndipo akapata umiliki. Jengo linaweza kuwa limetangulia hati kwa miaka kadhaa. La pili: huku Kivu, kuanzia 1928, ardhi nyingi ilitolewa na Comité National du Kivu, CNKi, siyo moja kwa moja na serikali, kama vile Katanga ilivyokuwa na Comité Spécial du Katanga tangu 1900. Ukitafuta kwenye karatasi za serikali peke yake, utasema hakuna kitu, kumbe uko kwenye kabati lisilo lake.

Katika mafaili hayo tafuta kwa makini uchunguzi wa kuthibitisha kwamba ardhi ilikuwa «wazi», unaoitwa «enquête de vacance». Mtawala alitakiwa kuandika ni nani waliolima au kuchunga pale, na machifu gani walisikilizwa. Ndiyo karatasi ambamo majina ya watu wa kijiji chako yanaweza kutokea kabla ya jina la mwenye hoteli. Isome kwa jicho kavu, kwani ardhi iliyoandikwa kuwa wazi mara nyingi ilikuwa imelazwa tu ipumzike.

Nje ya nchi kuna sehemu mbili kubwa. Kumbukumbu za Wizara ya Makoloni, zile zinazoitwa Archives africaines, zimehamishiwa Hifadhi ya Taifa ya Ubelgiji huko Brussels. Humo kuna ripoti za kila mwaka za AIMO, idara ya mambo ya wenyeji na kazi, zinazotaja barabara na vituo kwa kila territoire. Makumbusho ya Tervuren yana ramani, picha za ofisi za habari za koloni, Congopresse na Inforcongo, na picha za angani za miaka ya 1950. Picha ya angani ni shahidi asiyependelea: jengo lipo au halipo, paa linang'aa au ni la majani, barabara inapita mbele au nyuma. Andika kwa Kifaransa, kwa ufupi, ukiweka vitu vinne tu: jina la mahali, jina la territoire, kipindi cha miaka kumi, na namba za kijiografia kutoka kwenye simu yako. Anayeuliza «nipeni kila kitu kuhusu Kalehe» hujibiwa kwa orodha ya mafaili na hakuna zaidi.

Jina la mahali liandike kwa tahajia yao. Ch yetu waliandika tsh, ndiyo maana Cibinda iko kwenye ramani kama Tshibinda. Gisenyi ni Kisenyi, Bujumbura ni Usumbura. Na majina yenyewe ni saa. Bukavu iliitwa Costermansville tangu 1927 hadi miaka ya mwanzo ya 1950, na jimbo zima likabeba jina hilo kutoka 1933 hadi 1947, ndipo likaitwa Kivu. Barua yenye «Province de Costermansville» kwa hiyo imejifungia kwenye miaka 14 bila kuandikwa tarehe. Usishangae pia karatasi za Goma na Rutshuru kuwa Bukavu: Kivu iligawanywa kwa kudumu kuwa majimbo matatu mwaka 1988 tu. Na kama njia yako inaelekea Goma, kumbuka lava ya Nyiragongo ya tarehe 17 Januari 2002 ilipita katikati ya mji. Karatasi nyingi zilizokuwa pale huenda hazipo tena, na baadhi ya kuta za zamani zimezama hadi kiunoni.

Risiti za hoteli zina saa yao vilevile, nayo ni fedha. Zaïre ilichukua nafasi ya faranga Juni 1967, zaïre moja kwa faranga 1,000. Zaïre mpya ikaja 1993. Faranga ikarudi 1998. Risiti ya chumba kwa faranga, iliyochapwa kwa taipureta, kwa kawaida ni ya kabla ya Juni 1967.

Usipuuze misioni. Mapadre Weupe waliweka shajara kwenye kila misioni, wakiandika nani amepita, nani amelala, gari la nani limekwama kwenye matope. Mwenye hoteli asiyetajwa na serikali hata mara moja anaweza kutajwa na padre mara kumi, kwa sababu alimpa lifti. Na mwongozo wa wasafiri uliotolewa na Ofisi ya Utalii ya Kongo ya Kibelgiji, matoleo ya mwishoni mwa miaka ya 1940 na ya miaka ya 1950, unaorodhesha hoteli na gîte kwa kufuata barabara na kilomita. Jengo likiwemo, una jina lake rasmi. Lisipokuwemo, hilo pia ni jibu: huenda lilikuwa limefungwa, au halikuwa hoteli kamwe.

Wazee, na majina mawili ya kila mtu

Usimuulize mzee «mwaka gani?». Atakupa mwaka ili kukuridhisha. Muulize kwa matukio: kabla au baada ya lava ya Nyamulagira iliyofika ziwani karibu na Sake, 1938? Kabla ya vita vya pili vya Wazungu kwisha, 1945? Ziara ya mfalme Baudouin, Bwana Kitoko, 1955? Wazungu kukimbia, 1960? Waasi, 1964? Mamluki wa Mbelgiji Schramme waliposhika Bukavu, 1967? Noti kufutwa Krismasi ya 1979? Kila jibu linabana jengo kati ya mawe mawili.

Mwenye hoteli huenda hakuwa Mbelgiji. Biashara za njiani zilikuwa pia mikononi mwa Wagiriki, Waitaliano na Wareno, na kijijini wote waliitwa Wabelgiji. Isitoshe watu walimpa jina lao wenyewe, la miwani yake, mwendo wake au ubahili wake, na jina hilo hutaliona kwenye hati yoyote. Uliza basi vitu vinavyoandikwa: alikuwa na lori la aina gani, aliuza nini zaidi ya vyakula, mke wake alitoka wapi, alizikwa wapi.

Kwa babu yako tatizo ni kinyume chake. Mwaka 1972 majina ya ubatizo yalipigwa marufuku, kila mtu akachukua jina la Kiafrika. Mpishi anayeitwa Joseph kwenye kitabu cha kazi cha 1955 ana jina jingine kabisa kwenye karatasi za 1975. Andika majina yake yote kabla hujaanza kutafuta, pamoja na tahajia zake mbovu.

Na usiishie 1960. Sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 ilifanya udongo wote kuwa mali ya Serikali, na hatua za zaïrianisation zilizotangazwa tarehe 30 Novemba mwaka huo zilikabidhi biashara za wageni kwa wananchi waliopewa jina la «acquéreurs» (waliokabidhiwa). Hoteli nyingi za njiani hazikufa Wazungu walipoondoka. Zilikufa baada ya hapo, mwenye kupewa alipouza vitanda, kisha jenereta, kisha mabati. Kipindi hicho watu hawapendi kukizungumza kwa sababu familia za wahusika bado wako jirani. Uliza kwa upole, na ikibidi uandike «mmiliki wa pili» bila jina.

Kabla ya kugusa kigingi chochote, mwone anayekaa humo leo, pamoja na chefu. Mtu anayepima kiwanja na kuuliza hati huku kwetu anadhaniwa amekuja kudai. Mweleze kwamba historia haimpi mtu ardhi: hati iliyopo leo, ikishapita miaka miwili bila kupingwa, haishambuliki kwa hadithi ya babu wa mtu.

Jambo la mwisho ni boyeri. Wanaoandika historia za hoteli hizi hupima ukumbi, meko na barza, halafu huiacha boyeri kama banda. Wewe ipime kwanza. Vyumba vingapi, mita ngapi kwa mita ngapi, dirisha lina kioo au ni tundu, umbali gani hadi jikoni, njia gani mpishi alipita na sufuria ya moto mvua ikinyesha, na kama kuna mlango wa kuingilia ukumbini usiopitia barza. Mwenye hoteli ameacha hati zenye muhuri. Wapishi, maboyi na zamu (walinzi) wameacha sakafu hiyo tu na alama za moshi ukutani. Kama wajukuu wao wengine wako kijijini, peleka ramani yako uwaulize nani alilala chumba kipi.

Na nyumbani kwenu tafuteni kitabu cha kazi cha babu, kile ambacho bwana aliandika tarehe za kuingia na kutoka na kupiga muhuri. Kinaweza kuwa na jina la hoteli na la mwenye nayo, yaani kile ambacho ungekitafuta Brussels kwa mwaka mzima. Mkikipata, msikifunike kwa plastiki ya moto na msikigandishe kwa selotepu. Vyote viwili vinaharibu karatasi na wino. Kipige picha kila ukurasa, hata zile tupu, kwa mwanga wa dirishani bila flashi, kisha kifunge ndani ya karatasi nyeupe isiyo na maandishi na kikae mahali pakavu, mbali na moshi wa jikoni.